Bawabu Aliyekataa Mikono

Mama Subilaga aliingia kibandani asubuhi, unga ukiwa bado umemganda viwikoni, akaibwaga simu mezani kama mtu anayemrudishia muuzaji samaki aliyeoza.

"Imekufa," alisema.

"Shikamoo, Mama mdogo."

"Marahaba. Imekufa, nakwambia. Tangu jana nafungua Bao la Mawingu, kile kiduara kinazunguka, kinazunguka, mpaka kichwa kinaniuma mimi. Na nilikuwa namla Tusekile vibaya! Sasa atadhani nimemkimbia."

Atuganile alicheka. Tusekile alikuwa mwanamke wa Makete ambaye mama yake mdogo alicheza naye bao la simu kwa miaka, wakitukanana kwa upendo kila jioni, ingawa hawakuwahi kuonana. Atuganile alifuta mikono kwenye aproni, akaichukua ile simu, nyembamba kama chapati na imekunjika pembeni kwa kulaliwa.

"Umezima ukawasha?"

"Nimeizima mpaka imechoka."

"Bando?"

"Bando ninalo. Redio inashika, picha za harusi zinafunguka. Ni hili gemu tu limeninunia."

Atuganile akaanza pale ambapo kila fundi simu huanzia. Alitazama nafasi iliyobaki, akakuta ipo ya kutosha. Alifuta kumbukumbu ya muda, ile taka ambayo mchezo hujirundikia ndani ya simu hadi ukajikwaa wenyewe. Haikusaidia. Akaufuta mchezo wote, akaushusha upya na kumwomba mama yake mdogo aguse kioo aingie. Mama Subilaga akagusa. Neno "Inapakia" likatokea, na chini yake kiduara kikaanza kuzunguka, taratibu, bila haya.

"Unaona? Unaona ukaidi wake?"

"Naona. Ngoja nizungumze na Bawabu."

Kila mchezo wa ushindani wa enzi ile ulikuwa na Bawabu wake. Alizaliwa baada ya mashine kufundishwa kucheza kama watu, zikavuruga mashindano yote duniani hadi ikawa huwezi kujua kama aliyekufunga ni binadamu au ni sanduku la nyaya. Bawabu hakuuliza neno la siri wala sura. Alipapasa mkono. Alijua kidole cha mwenye simu kinavyotua, kinavyobonyeza, kinavyokawia kabla ya kunyanyuka, na jinsi kinavyotetema, kwa sababu kila mkono ulio hai hutetema kidogo kwa namna yake, hata mkono wa seremala. Mwenye mkono akizeeka, Bawabu alizeeka naye polepole. Lakini ukija mkono asioutambua, hakusema "siyo wewe." Alikiacha kiduara kizunguke tu. Watengenezaji walikusudia hivyo, maana mwizi ukimweleza kwa nini amekataliwa, umemfundisha namna ya kurudi. Watu wasio na hatia waliokataliwa waliishia kulaumu mtandao.

Fundi mwenye leseni alipewa ufunguo wa kumwambia Bawabu alegeze ukali. Mafundi waliita kazi hiyo kupanua mlango. Kwa ufunguo huo Atuganile aliweza kuona upana wa mlango. Kilichokuwa nyuma yake, yaani kumbukumbu ya mkono wenyewe, hakuruhusiwa kukiona bila neno la mwenye mkono. Alikuwa ameapa, mbele ya mafundi wenzake, kwa mkono ulionyooshwa. Kumbukumbu ile ilisema mengi mno: nani amelewa, nani ana mimba, nani amefiwa na bado hajasema. Kuna wakati waajiri walizinunua kumbukumbu hizo na kuzitumia kufukuza watu kazi, ndipo ikaja sheria.

Akapanua mlango kidogo. Kiduara kikasimama. Ubao wa bao ukafunguka, mawingu yakipita chini ya mashimo, na sauti ya Tusekile ikapasuka kutoka Makete: "Subilaga! Umetoka mafichoni?"

Mama Subilaga akapiga kigelegele, wapita njia wakageuka. Kabla ya kuvuka barabara kurudi kwenye tanuri lake, aliacha mezani mkate wa moto uliofungwa kwa kitambaa.

* * *

Tanuri lile lilikuwa fahari ya mji wa Isanzilo. Mji huo uko juu, kwenye baridi, ambako zamani watu walichimba dhahabu na sasa wanalima maua na kuoka mikate inayosafirishwa hadi ng'ambo ya milima. Mama Subilaga alianza na chungu kimoja cha maandazi. Kwa maandazi hayo alimlea Atuganile, mtoto wa dada yake marehemu, akamsomesha ufundi Mbeya. Alipopata nguvu akajenga nyumba ya tanuri, na ndani yake ukuta ambao watu walikuja kuutazama kama mgeni wa heshima. Ulikuwa wa matofali mazito ya udongo ulioshindiliwa kwa mashine, yasiyochomwa, yanayotunza joto mchana kutwa. Juu yake walibandika utando unaogeuza joto kuwa umeme. Ulikuwa unaegemeza simu yako ukutani, unakaa kwenye benchi, unaegemeza na mgongo wako, unakunywa chai. Mkate ukiiva, simu imejaa na wewe umepata joto. Asubuhi za baridi benchi lile halikukosa watu.

Baada ya simu ya Mama Subilaga, zikaja nyingine.

Wa kwanza alikuwa Ambokile, kijana mpole aliyesambaza mikate kwa pikipiki ya umeme. Pikipiki ya kweli aliiendesha kwa adabu. Ukorofi wake wote aliuweka kwenye Mbio za Bonde, mchezo ambao ndani yake vijana wa kanda nzima walimjua kwa jina la Upepo.

"Dada Atu, nisaidie. Jumamosi tuna mashindano na vijana wa Tukuyu, na gemu haifunguki. Nimeapdeti, nimefuta, nimeombea."

Mlango ukapanuliwa, gemu likafunguka. Kisha wakaja wanawake wawili wanaokanda unga kwa Mama Subilaga, wakifuatana. Kisha mwalimu mstaafu ambaye kila asubuhi alikunywa chai yake kwenye lile benchi. Wote walikuwa na kiduara kilekile. Na wote, Atuganile alipowauliza, walichajia ukutani.

Akajiona amepata jibu. Umeme wa ukuta ule, aliwaza, unaharibu vioo. Kioo kikiharibika, Bawabu anapokea habari za uongo kuhusu kidole. Aliagiza kioo kipya, droni ikakishusha mlangoni, akakifunga kwenye simu ya Ambokile na kuurudisha mlango ulivyokuwa, kwa furaha ya mtu aliyeshinda fumbo. Ambokile akagusa. Kiduara kikazunguka.

Siku hiyohiyo Mama Subilaga akarudi. Mlango uliopanuliwa ulikuwa umemfungia tena.

"Ulifanya kazi nusu!" alifoka. "Nimekusomesha ili uje unifanyie kazi nusu?"

Atuganile alishtuka. Mama yake mdogo alikuwa mtani, alikuwa mkali, lakini hakuwa mtu wa kumsimanga mtoto kwa alichompa. Mwenyewe Mama Subilaga alionekana kujishangaa. Aliufunika mdomo kwa kiganja, akakaa. Atuganile akapanua mlango tena, safari hii zaidi.

Alipobaki peke yake alichukua simu yake ili atulize akili. Yeye hakuchajia ukutani hata mara moja. Alikuwa na turubai la umeme wa jua juu ya paa. Lakini kila asubuhi alivuka barabara kunywa chai kwa mama yake mdogo, mgongo ukutani kama wengine. Akafungua mchezo wake wa kupanga shanga. Kiduara kikazunguka. Hatimaye mchezo ukafunguka, lakini ulikawia kiasi kwamba alikuwa ameshaacha kupumua.

Kumbukumbu ya mkono wake mwenyewe hakuhitaji ruhusa ya mtu kuiona. Akaifungua. Mstari ulikuja kutoka miaka ya nyuma ukiwa laini, na mawimbi madogo ya kawaida. Karibu na mwisho mawimbi yakaanza kuchongoka. Aliunyoosha mkono mbele ya macho akautazama sana. Haukuonekana kutetema. Lakini Bawabu hakuwa akitazama kwa macho.

Akavuka hadi penye pikipiki za mikate. "Kaka Ambokile, nataka kitu cha kuombwa, si cha kuchukuliwa. Niruhusu niione kumbukumbu ya mkono wako."

"Kwani mkono wangu una siri gani?" Ambokile alicheka, kisha akaona uso wake, akaacha. "Tazama."

Walitazama pamoja. Mstari wa Ambokile ulikuwa na meno kama msumeno.

"Hiyo ni nini, dada?"

"Sijui. Lakini simu yako haina ubovu. Wala gemu halina ubovu. Bawabu anasema kweli: mkono umebadilika." Akamrudishia simu yake. "Na mimi nimekuwa nikimlazimisha anyamaze."

* * *

Daktari Pendaeli, mwanamke mrefu mwenye sauti ya chini, alikuwa peke yake kwenye zahanati ya Isanzilo. Hakuwacheka Atuganile na Ambokile walipomwendea. Aliitazama mistari yote miwili, akawaangalia fizi, akawaamuru waguse pua zao kwa kidole macho yakiwa yamefumbwa. Aliuliza kuhusu usingizi, hasira za ghafla, kusahau majina. Ambokile alikiri kwamba juzi aliipitiliza nyumba ya mteja ambaye amekuwa akimpelekea mikate mwaka mzima.

"Ulidhani ni nini, fundi?" daktari aliuliza.

"Nilidhani umeme wa ukuta."

"Umeme haufanyi fizi hizi. Nipeni mkojo, wote wawili."

Majibu yalipotoka aliwafungia mlango, akakaa upande wao wa meza badala ya upande wake.

"Ni zebaki," alisema. "Niliisomea nikidhani sitakutana nayo. Babu zetu waliitumia kuchenjua dhahabu, wakaivuta bila kujua, wakafa wakitetemeka na watu wakisema wamerogwa. Ilipigwa marufuku kabla ninyi hamjazaliwa. Kwa hiyo sielewi imetoka wapi. Lakini nawaambia habari njema kwanza: mmekuja mapema sana. Kwa macho yangu nisingeiona mpaka mshindwe kushika kijiko. Mkiondoka penye sumu na mkipata dawa, miili mingi hurudi."

"Penye sumu ni wapi?" Ambokile aliuliza.

"Ndiyo nawauliza. Mna nini ninyi wawili, ambacho mji mzima hauna?"

"Mkate," alisema Ambokile.

"Mkate anakula kila mtu, na mimi pia. Nimejipima, niko salama."

Atuganile alikuwa ameshalijua jibu, na alitamani asilijue. "Benchi," alisema. "Benchi la tanuri. Ule ukuta ulipojengwa, udongo wa matofali ulichukuliwa kilimani, ng'ambo ya mto."

Kila mtu wa Isanzilo alikijua kile kilima kilichoota nyasi. Hakikuwa kilima cha Mungu. Yalikuwa marudio, mchanga wa dhahabu ya zamani uliokwisha kuchenjuliwa na kutupwa, watoto wakacheza juu yake, mbuzi wakala majani yake. Ukiwa baridi, ulilala na sumu yake bila kumsumbua mtu. Ukiupasha joto kila siku ndani ya chumba kilichofungwa, sumu hugeuka mvuke na watu wakaivuta.

"Inawezekana," daktari alisema polepole. "Lakini inawezekana si hivyo. Kipimo cha hewa kiko mkoani. Nimekiomba, na wanachelewa. Nikisema leo kwamba ni tanuri, na kipimo kikija kikanikataa, nimemfilisi mwanamke wa watu, na siku nitakayokuwa sahihi hakuna atakayenisikiliza. Sina mamlaka ya kufunga kazi ya mtu kwa kuhisi."

"Na watu wanaendelea kuota moto pale," alisema Atuganile.

"Ndiyo. Wanaendelea." Daktari alimtazama. "Kungekuwa na mkono mmoja wenye kumbukumbu ndefu, wa mtu anayeshinda mle ndani, tungeona ulianza kubadilika lini. Kama ulianza baada ya ukuta kujengwa, ningeweza kumwamsha mtu mkoani. Mikono yenu inasema kidogo; mnakaa pale muda mfupi tu."

Atuganile alijua mkono huo ni wa nani.

* * *

Simu ya Mama Subilaga ilikuwa mezani kibandani kwa Atuganile mchana ule. Mlango ulikuwa umemfungia mara ya tatu, akaiacha na kuondoka bila kuaga. Atuganile alifunga pazia la kibanda, akakaa nayo.

Ufunguo alikuwa nao. Kuingia, kutazama, kutoka: hakuna ambaye angejua. Tena angefanya kwa ajili ya wema, kwa ajili ya wale wanawake wanaokanda unga, kwa ajili ya mwenye simu mwenyewe. Aliwaza hivyo kwa muda mrefu, na kila alipofika mwisho wa wazo alikutana na jambo lilelile. Wale waliouza kumbukumbu za mikono ya wafanyakazi nao walikuwa na sababu nzuri. Kila mtu ana sababu nzuri akiwa na ufunguo. Na huyu hakuwa mtu baki. Kama angemwibia mama aliyemlea, angemwangaliaje mteja yeyote machoni?

Lakini kupanua mlango tena na kunyamaza pia kulikuwa wizi. Hilo ndilo lililomwinua kitini.

Alimkuta Mama Subilaga kwenye nyumba ya tanuri, wafanyakazi wakiwa wameenda kula. Joto lilimpokea mlangoni kama kawaida, tamu, lenye harufu ya hamira. Kwa mara ya kwanza alisita kuvuta pumzi.

"Njoo nje, Mama mdogo. Tuongee nje."

"Nje kuna baridi. Umeitengeneza?"

"Sijaitengeneza. Sitaitengeneza." Akamweleza yote, mlangoni pale, akianza na mkono wake mwenyewe. Alimweleza zebaki, kilima, ukuta. Alimwambia daktari hana uhakika bado. "Nakuomba uniruhusu niione kumbukumbu ya mkono wako. Ukikataa, sitaigusa. Lakini nakuomba uzime tanuri hadi kipimo kije."

Mama Subilaga alisikiliza huku akiikunja na kuikunjua aproni yake.

"Unajua nilivyolijenga," alisema hatimaye.

"Najua."

"Hujui. Ulikuwa Mbeya unasoma, kwa moshi wa maandazi yangu. Nilichagua tofali mojamoja kwa mikono hii. Watu walisema mjane hawezi. Leo wanakuja kuota joto langu, wanaamkia hapa." Sauti ikapanda. "Sasa mwanangu mwenyewe aje aniambie ninawalisha sumu? Kwa kuwa gemu limekataa kufunguka? Gemu, Atu!"

"Siyo gemu. Ni mkono wako."

"Mkono wangu ni mzima! Nipe simu yangu. Usirudi hapa na maneno hayo."

Atuganile alimpa simu, kwa mikono miwili. Alivuka barabara akilia waziwazi. Alikuwa amekosa ruhusa, na pengine amempoteza mama. Hata hivyo alitoa kiti nje, akakaa kando ya barabara. Kila aliyekuja na simu kuelekea benchini alimwita. Hakutaja tanuri wala sumu. Alisema tu, "Chajia kwangu, turubai lina jua la kutosha. Kaa hapa." Wengine walikaa. Wengine walimcheka, wakaenda kwenye joto.

* * *

Asubuhi iliyofuata Ambokile alikuja mbio kwa miguu.

"Dada Atu, unaitwa. Na Mama."

Nje ya nyumba ya tanuri, kwenye ukungu, wanawake wote waliokanda unga walikuwa wamesimama. Kila mmoja alishika kikombe cha chai ya rangi, kilichojaa hadi ukingoni, juu ya kiganja kilichonyooshwa. Mwalimu mstaafu alikuwa miongoni mwao, uso umekakamaa kama wa mwanafunzi mbele ya mkaguzi. Mwanzoni mwa safu alisimama Mama Subilaga, naye ana kikombe chake.

"Sina mashine zenu," alisema bila kugeuka. "Lakini chai ninayo. Jana usiku sikulala. Nikajiambia, Subilaga, kama mkono ni mzima, utaogopa nini? Njoo utazame. Tazama chai."

Atuganile alipita mbele yao mmoja baada ya mwingine. Chai ya mpita njia aliyeombwa kushika kikombe, mwuza mboga asiyekaa kwenye benchi, ilitulia kama kioo. Katika vikombe vya wengine, juu ya chai, kulikuwa na vijiduara vyembamba vikitoka katikati kwenda ukingoni bila kukoma. Katika kikombe cha Mama Subilaga chai ilikuwa imemwagika, ikamchuruzika hadi kiwikoni. Hakuwa ameifuta.

"Na mkono wa Neema pia," alisema Mama Subilaga kwa sauti ndogo, akimtazama msichana wa mwisho kwenye safu, mdogo kuliko wote kazini. "Ana mimba. Nimemwajiri nikimwambia mama yake hapa ni penye joto, ni pazuri."

Akaweka kikombe chini. Akaingia ndani, na kabla yeyote hajamzuia alikuwa ameanza kuvuta magogo ya moto kwa koleo, akiyatupa nje kwenye umande, yakipiga mvuke. Atuganile alimfuata, khanga puani, akashika koleo la pili. Ambokile akamwaga ndoo ya maji. Unga uliokandwa tangu alfajiri ulibaki umeumuka kwenye mabeseni, bila pa kwenda.

Tanuri lilipozimika kabisa, Mama Subilaga alikaa chini barabarani. Akatoa simu kifuani.

"Ona mkono wangu," alisema. "Nakupa ruhusa. Ona wote, na huyo daktari wako aone, na huko mkoani waone. Lakini nikae nawe ukitazama. Nataka kujua ulianza lini."

Walitazama wakiwa wamekaa bega kwa bega. Mstari wa Mama Subilaga ulikuwa mrefu, miaka na miaka ya bao. Kulikuwa na mahali umezama. "Hapo mume wangu alifariki," alisema. Kulikuwa na mahali umeruka kwa furaha, "Hapo ulipofaulu." Kisha ukaja msimu wa ujenzi, ukuta ukakauka, moto ukawashwa, na tangu mwezi ule mawimbi yakaanza kuota meno. Hakuna aliyehitaji kuambiwa.

* * *

Kipimo cha hewa kilikuja kutoka mkoani haraka kuliko ilivyotarajiwa, kwa sababu Daktari Pendaeli alituma mistari ile mitatu pamoja na ruhusa tatu zilizotamkwa kwa sauti za wenyewe. Kilipoingizwa kwenye nyumba ya tanuri kililia mpaka kikazimwa. Watu waliovaa mavazi mazito walibomoa ukuta tofali kwa tofali, wakaufungia kwenye mapipa. Kilima cha ng'ambo kilizungushiwa uzio, na mfyatuaji wa matofali, aliyeapa kwamba alipewa cheti kuwa udongo ni safi, alikuja mwenyewe kwa Mama Subilaga akapiga magoti. Mama Subilaga alimwinua. "Na mimi niliuchagua," alimwambia. "Tusimame."

Dawa zilileta kichefuchefu na ladha ya chuma kinywani. Neema alihamishiwa mkoani chini ya uangalizi; mtoto alizaliwa akiwa mdogo, mwenye kilio kikubwa, na madaktari walisema wataendelea kumwangalia. Mwalimu mstaafu hakupona sawasawa; maandishi yake yalibaki yakiyumba. Wanawake wa unga walioka nje kwenye matanuri ya chuma ya kuazima, upepo ukiwapiga, na mji ukala mikate iliyoungua upande mmoja bila kulalamika.

Atuganile aliitisha mafundi wenzake wa nyanda za juu. Aliwaeleza alivyopanua milango, mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja uliopanuka ulivyonyamazisha kengele. Wengine walibisha kwamba fundi si daktari, na mteja anataka gemu lake, basi. Wengine waliuliza vipi mtu asiyetaka kujua. Walibishana mchana kutwa. Mwishowe walikubaliana jambo dogo: kabla ya kupanua mlango, fundi amwambie mwenye simu kwamba mkono wake umebadilika, amshauri akamwone daktari, kisha afanye anachoombwa. Bila kutazama, bila kulazimisha. Wakawaandikia watengenezaji wakitaka Bawabu naye awe na neno la kusema badala ya kuzungusha kiduara tu. Kampuni moja ilijibu kwamba inalifikiria. Nyingine hazikujibu. Mafundi waliandika tena.

Mama Subilaga alirudi kwenye bao kwa mlango mpana, maana alisema Tusekile hawezi kusubiri tiba. Kadiri miezi ilivyopita Atuganile alikuwa akiurudisha mlango taratibu, na siku ulipofika ukali wake wa kwanza hawakushangilia. Mama Subilaga alikuwa anakaribia kufungwa na Tusekile, akamwambia Atuganile asimsumbue.

Ambokile alikataa kupanuliwa chochote. "Acha hivyohivyo," alisema. "Nataka Bawabu mwenyewe aniambie."

Kila wiki, akimaliza mzunguko wa mikate, alisimama mbele ya kibanda, akagusa Mbio za Bonde, akatazama kiduara kikizunguka. "Bado," alikuwa akisema, akairudisha simu mfukoni. Vijana wa Tukuyu walishinda mashindano bila yeye, wakampigia kumtania, kisha wakampigia kumsalimia, na mwishowe walipiga kuuliza tu mkono u hali gani.

Siku moja ya jua, Atuganile akiwa ameinamia kazi, alisikia ngurumo ya injini za kuigiza na shangwe za watu wasiokuwepo. Akainua kichwa. Ambokile alikuwa amesimama barabarani, simu imefunguka viganjani, mwanga wake ukimulika kidevu. Bonde lote lilikuwa wazi mbele yake na magari yakiunguruma kwenye mstari wa kuanzia.

Hakucheza. Alilitazama bonde lile kwa muda, akapangusa macho kwa mkono wa shati, akaikunja simu.

"Huchezi?" Atuganile aliuliza.

"Jioni," alisema, akipanda pikipiki. "Mama amenipa mikate nimpelekee Neema, ameshatoka mkoani. Isije ikapoa."